Grupu la WhatsApp la shehia: namna ya kuliendesha mpaka ofisi ijibu

Kabla hujafungua grupu, tafuta mtu wa chama kingine. Usitafute asiye na chama. Huku Pemba huyo hapatikani, na akipatikana hakuna anayemwamini. Kama wewe ni wa kijani, yaani CCM, nenda kwa jirani yako wa zambarau, yaani ACT-Wazalendo, umwambie: tutakuwa maadmini sote wawili, na hakuna atakayemtoa mtu bila ya mwenzake kuridhia. Grupu letu, shehia (eneo dogo la utawala huku Zanzibar) ya upande wa Wete, linaendeshwa hivyo. Mie nilisomesha skuli ya msingi mpaka nikastaafu, mwenzangu ni kijana anayetengeneza simu pale njia panda. Hatupigii chama kimoja na kila mtu analijua hilo. Akinikosoa mbele ya watu namjibu, nami nikimkosoa hujibu, na wanaosoma huona kuwa inawezekana.

Watu wa umri wangu hawahitaji kuelezwa kwa nini nalishikilia hili. Ulikuwapo wakati kisiwani hapa duka lina chama, gari ya abiria ina chama, na mtu haendi mazikoni kwa jirani. Kura ya maoni ya Zanzibar ya tarehe 31 Julai 2010 ilikubali Serikali ya Umoja wa Kitaifa kwa asilimia 66.4. Wakubwa walikubaliana kule juu; huku chini kukubaliana kumekwenda taratibu sana, na simu zikatukuta bado tumo njiani.

Nani aingie

Sheha, mkuu wa shehia, aingie. Utaambiwa sheha akiwamo watu hawatasema. Ni kweli, mwanzo watanyamaza. Lakini sheha hachaguliwi kwa kura, anateuliwa, kwa hiyo hakuna siku atakayokuja mlangoni kwako kukuomba. Heri awepo, asome mwenyewe, asije akasema hakuambiwa. Diwani naye aingie. Mwakilishi na mbunge siwatii. Wakiingia wao huingia na wapambe, na kazi ya mpambe ni moja, kumwaga maua na viganja vya kushukuru mpaka hoja izame. Hao waandikie barua, nitaeleza chini.

WhatsApp inaruhusu watu 1,024 katika grupu moja. Usifike huko. Mwaliko usiuweke kwenye stetasi, maana ukishaubandika hapo hujui tena nani kaingia. Kila anayeingia aandike jina lake na kitongoji chake, na kama hakuna anayemjua, asubiri hadi ajulikane.

Kanuni ziwe fupi, zikae kwenye maelezo ya grupu pale juu. Zetu ni hizi: mambo ya shehia tu, suali kwa mgombea linaruhusiwa, kampeni hairuhusiwi, ukileta habari sema umeipata wapi, hakuna kumtukana mzazi wa mtu. Utashawishika kuandika pia kwamba tanzia zina grupu lake. Usiandike. Tanzia ziwache. Mtu hufungua grupu kuona nani kafa na anazikwa saa ngapi, na akishafungua huisoma na hoja ya maji iliyo chini yake. Grupu la hoja tupu lilianzishwa kitongoji cha pili na wasomi watupu, likafa kwa kukosa wasomaji.

Kitufe cha sauti

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu hapa ndipo intaneti ilipofanya jambo ambalo mikutano yetu haikuwahi kulifanya.

Kwenye mkutano wa shehia wanawake hukaa nyuma. Mwenye hoja humnong'oneza mumewe au kakake, naye huisema nusu, tena nusu isiyo na uchungu. Kwenye grupu bibi mmoja wa mwani, asiyejua kuandika hata jina lake, alimwambia mjukuu wake amshikie simu, akabonyeza kitufe cha sauti akasema. Alisema chumba cha kujifungulia katika kituo chetu cha afya hakina taa, na usiku wa kuamkia siku ile mkwe wake amezaa kwa mwangaza wa simu, na simu yenyewe ilikuwa inaishia chaji. Nyuma ya sauti yake unasikia kuku. Hakuna aliyemjibu kwa takriban saa nzima. Kisha diwani akaandika: "Bi mkubwa, nimesikia. Kesho nakwenda." Maneno yale yale yalishasemwa mikutanoni na wanaume, kwa lugha ya "changamoto ya miundombinu", na hayakumtoa mtu kwenye kiti.

Kwa hiyo zitake sauti, ila ziwekee utaratibu. Sauti isizidi dakika moja. Mmoja wa maadmini aandike chini yake kwa maneno machache: nani, nini, wapi, tangu lini. Sheha mwenye bando la kuungaunga hatasikiliza sauti nane za dakika tatu tatu, na sauti huwezi kuiambatanisha na barua. Mwenye sauti akisomewa ulichoandika akasema sivyo, kirekebishe hapo hapo.

Halafu kumbuka wasiokuwamo. Nyumba nyingi simu ya maana ni moja, na ni ya baba. Wapo wazee wenye simu za tochi. Sisi kila Ijumaa huandika karatasi moja: yaliyoulizwa, yaliyojibiwa, yasiyojibiwa. Nakala moja inabandikwa ukutani mwa duka, moja inasomwa barzani baada ya alasiri, moja naipeleka kwa kina mama wa kikundi cha kuweka na kukopa. Bila ya karatasi hiyo grupu litakuwa la vijana wenye bando na ndugu walioko Maskati.

Hao wa nje, tukiwa tumewataja, ndio wenye sauti kubwa kuliko wote. Wako Dar, wako Maskati, wako London, wana intaneti ya bure na hasira ya mbali. Akiwa nje ya nchi hapigi kura, na jioni hatakutana na sheha msikitini. Usiwatoe, wape kazi. Wetu mmoja anachapa barua vizuri sana, mwengine hutafuta sheria, wa tatu hutuma pesa za nauli na kuchapisha. Mtu mwenye kazi hupungua matusi.

Ujue suali ni la nani

Nimeona watu wakimwandama mbunge wiki nzima kwa sababu ya bomba la maji. Mbunge hana bomba. Siku ya uchaguzi Mzanzibari hupewa karatasi tano. Tatu ni za Tume ya Uchaguzi ya Zanzibar: Rais wa Zanzibar, mwakilishi na diwani. Mbili ni za Tume Huru ya Taifa ya Uchaguzi: Rais wa Muungano na mbunge. Maji, afya, skuli na ardhi ni mambo ya Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar, kwa hiyo anayeyasemea ni mwakilishi, katika Baraza la Wawakilishi kule Chukwani. Taka na soko yako kwa diwani, katika Baraza la Mji kwa sisi wa Wete, Chake Chake na Mkoani. Polisi, uraia, pasi na mawasiliano ya simu yamo katika yale mambo 22 ya Muungano. Hapo ndipo pa mbunge. Mtandao ukikata kila siku saa za jioni, sasa mwandame mbunge.

Iandike orodha hii, ibandike juu ya grupu.

Tena, vijana huchota maelezo ya Bara wakayaleta kama yalivyo. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016 ni ya Tanzania Bara. Ukiitaja kwenye barua ya ofisi ya Zanzibar umempa karani sababu ya kukurejesha. Taja Katiba ya Zanzibar ya 1984: kifungu cha 18 kinampa mtu uhuru wa maoni na wa kutafuta na kupata habari, na cha 21 kinampa Mzanzibari haki ya kushiriki katika mambo ya utawala wa nchi yake. Vifungu viwili vinatosha. Barua yenye vifungu kumi inaonekana ya ugomvi.

Kutoka grupuni hadi kwenye muhuri

Malalamiko kwenye simu yana mwendo mmoja. Mtu anaandika "Maji hakuna". Zinakuja nyuso za kulia. Anatokea wa kusema ni kosa la chama fulani, anajibiwa, wanashikana, inaingia tanzia, jambo limekwisha. Kesho yake hakuna maji vile vile. Ukitaka likwende kwengine, admini aingie mapema na masuali matatu tu: Wapi hasa? Tangu lini? Nani keshakwenda ofisini, na kaambiwa nini?

Tulipokosa maji kitongoji cha juu, masuali hayo yalitupa jibu kabla ya magharibi. Si kitongoji kizima, ni nyumba zinazotegemea kisima kilicho nyuma ya skuli. Tatizo ni mota. Kijana mmoja keshakwenda, kaambiwa "tunalo hilo". Tukamwomba apige picha mota ilivyo, na bango la kisima lionekane ndani ya picha hiyo hiyo, maana picha ya mota peke yake inaweza kuwa ya popote. Kisha tukapiga kura ile ya kwenye grupu: tuombe nini kwanza, mota au gari ya maji kwa sasa? Waliokuwa hawamo tukawauliza kwa miguu, nyumba kwa nyumba, na majibu yao tukayaandika pamoja. Kura ya grupu ni ya waliomo grupuni tu, usije ukaiita "wananchi wamesema".

Barua ilikuwa hivi, ukiondoa anuani:

"Kupitia kwa Sheha wa Shehia.
YAH: KISIMA KILICHO NYUMA YA SKULI
Mota ya kisima kilichotajwa hapo juu haifanyi kazi. Mkaazi mmoja alifika ofisini kwenu akaambiwa jambo hili linajulikana. Tunaomba tujibiwe kwa maandishi mambo mawili: fundi atafika lini, na mpaka atakapofika maji tutayapata wapi. Tunaambatanisha picha na orodha ya nyumba zisizo na maji."

Basi. Hakuna "kwa masikitiko makubwa", hakuna "serikali yetu sikivu". Mambo mawili yanayojibika. Ichape nakala mbili. Moja waachie, ya pili igongwe muhuri wa kupokelewa, na tarehe, na saini. Karani akisema muhuri hauko, kaa umsubiri. Ukitoka, piga picha nakala yako iliyogongwa uiweke kwenye grupu. Picha ile ina nguvu kuliko jumbe mia tatu zilizoitangulia, kwa sababu sasa kuna tarehe ambayo hakuna awezaye kuikataa, na watu wote wameiona, sheha na diwani wakiwamo.

Baada ya hapo ni kuhesabu. Siku hiyo hiyo ya kila wiki iweke tena picha, na chini yake andika: "Siku ya saba. Bado hatujajibiwa." Wiki ya pili: "Siku ya kumi na nne." Usiongeze neno. Anayetaka kuongeza tusi, mfutie; admini ana uwezo huo. Fundi alikuja, mota ikafungwa. Huenda alikuwa keshapangiwa safari, sijali. Tulipopeleka barua nyengine pahala pale pale, karani alitutazama akauliza: "Na hii nayo mtaihesabia siku?"

Upo pia mfumo wa Sema na Rais Mwinyi wa kupeleka malalamiko. Utumie baada ya barua, si kabla. Jambo ukilipeleka juu litateremshwa ofisi ile ile ya chini, na la kwanza watakalouliza ni mbona hamkufika kwetu. Hapo ndipo utakapotoa picha ya muhuri.

Miezi ya Mei na Juni Baraza la Wawakilishi linajadili bajeti. Miezi hiyo mie huchagua ukurasa mmoja tu unaohusu huku kwetu na kuueleza kwa sauti, kwa Kiswahili cha barzani. Wenzetu wa Kenya mwaka 2024 dunia iliwaona pale tu walipoingia Bungeni tarehe 25 Juni, lakini kabla ya hapo vijana wao walikuwa wamekaa na Mswada wa Fedha wakiuchambua na kuueleza kwa lugha za nyumbani. Mtu alikuwa akijua kifungu kipi kinapandisha bei ya nini. Sisi tunaanza na kelele, kusoma baadaye.

Msimu wa uchaguzi

Habari yenye vishale viwili juu yake imefowadiwa mara nyingi, yaani imepita mikono mitano au zaidi kabla ya kukufikia. WhatsApp yenyewe tangu 2020 hairuhusu ujumbe wa namna hiyo kupelekwa zaidi ya pahala pamoja kwa wakati mmoja. Kwetu kanuni ni kwamba mwenye kuleta vishale viwili huulizwa: umeiona wewe au umetumiwa? Sheha huulizwa, mie huulizwa.

Barua ya bandia huitambui kwa nembo, nembo kila mtu anazo. Angalia tarehe na siku. Iliwahi kuletwa kwetu "taarifa kwa umma" ya kufungwa kwa uandikishaji, yenye nembo safi kabisa, na ikasema Ijumaa tarehe fulani. Kijana wangu wa simu akafungua kalenda, tarehe ile ni Jumapili. Tazama na maneno: ofisi za Zanzibar huandika "skuli", barua ikisema "shule" mara tatu ishuku. Video nayo ina mambo yake. Tazama namba za gari: zetu zinaanza na Z, za Bara na T. Ikidaiwa ni Konde, hapa Pemba, na kila gari ni T, si Konde. Zima picha usikilize wanaozungumza nyuma. Mpemba humkosi kwa kusema kwake. Siku hizi kuna sauti za kutengenezwa kwa akili mnemba, zinamwiga mtu mpaka kukohoa. Kwa hizo dawa ni moja, mpigie mwenyewe kwa simu ya kawaida.

Matokeo ni jambo la kulitenga peke yake. Mwaka 2015, tarehe 26 Oktoba, mgombea mmoja alijitangazia ushindi. Tarehe 28 mwenyekiti wa Tume akafuta uchaguzi wote wa Zanzibar, na ukarudiwa tarehe 20 Machi 2016. Aliyekuwapo anakumbuka hesabu zilizokuwa zikiruka kutoka simu hadi simu siku zile, kila moja na mshindi wake. Mie nilitaka grupu lifungwe siku nzima ya kura, waandike maadmini tu. Mwenzangu akakataa, akasema kufunga ni kuwanyamazisha watu siku ambayo wana la kusema. Tukakutana hapa: mchana liko wazi kwa mambo ya kura yenyewe, jina halionekani, mzee anahitaji kubebwa, foleni iko vipi. Vituo vikifungwa, grupu nalo linafungwa, na matokeo hayaandikwi mpaka Tume itangaze. Sina raha nalo kikamilifu, ila sijaona bora yake.

Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inafika mpaka huku. Kifungu cha 16, cha kusambaza habari ya uongo, kina faini isiyopungua shilingi milioni 5 au kifungo kisichopungua miaka 3, au vyote viwili. Wasomee watu kabla ya msimu, si baada ya mtu kuchukuliwa. Na usiruhusu picha ya Zan ID ya mtu yeyote grupuni, hata kama kitambulisho kimeokotwa na nia ni njema. Andika jina tu, mwenyewe atakuja.

Mtandao ukizimwa

Usiseme "kama utazimwa", sema "utakapozimwa". Oktoba 2020 mitandao ya kijamii ilibanwa siku za kura, na tarehe 29 Oktoba 2025 intaneti ilizimwa nchi nzima, ikakaa siku kadhaa. Jitayarishe wiki kabla. Andika namba za simu kwenye karatasi, za wakuu wa vitongoji, mkunga, wenye gari, na karatasi ikae kwa watu wawili wa vyama viwili. Kubalianeni pahala na saa ya kukutana; sisi ni dukani, baada ya alasiri, watu wachache, bila ya nguo za chama. Weka redio yenye betri. Vocha ya kupigia nunua mapema, maana bando halitakusaidia kitu.

Intaneti ikirudi, usiliwache grupu wazi saa ile ile. Kila mtu ana alichokihifadhi na anataka kukimwaga, na nyingi ni video ambazo mwenyewe hajui zimetoka wapi. Ujumbe wa kwanza uwe wa maadmini, nao uwe wa kawaida: nani mgonjwa, nani kafiwa, kituo cha afya kiko wazi au hakiko. Ukae hivyo mpaka asubuhi ya pili, ndipo ufungue kwa wote. Na barua zilizokuwa hazijajibiwa, endelea kuzihesabia siku, pamoja na zile za kiza.